Sikio la Solange

Kwa miaka ishirini na sita Solange Bellavance amewaandikia watu wa Québec maneno ya kugombana. Alianza na vikaragosi vya watoto, akapanda hadi tamthilia ya televisheni ya kila jioni, na leo nusu ya Montréal huosha vyombo harakaharaka isipitwe na kipindi chake. Kazini wanamsifu kwamba ana sikio. Sifa hiyo huipokea bila haya, maana ni kweli: ukimlalamikia mumeo mbele ya Solange, ujue umeshachangia kipindi.

Mdogo wake Mireille, aliyeolewa Chicoutimi, alilijua hilo na hakuwahi kununa. Safari hii alinuna. Alipiga simu Ijumaa asubuhi, siku kumi baada ya mumewe Normand kufungasha nguo zake na kuondoka.

"Ulijua," alisema.

"Nilijua nini, mdogo wangu?"

"Usinifanye mtoto. Jana kwenye kipindi chako mume wa yule Lucette kasimama jikoni akasema, 'Nimekuwa mgeni kwangu, hata kiti changu nakiomba.' Ndiyo aliyoniambia Normand mlangoni, begi mkononi. Neno kwa neno, dada."

"Kipindi hicho nilikiandika Februari."

"Ndicho ninachosema. Sasa ni Oktoba. Miezi minane unajua, na kila Jumapili unanipigia kuniuliza habari za paka."

Akakata simu.

Solange aliiweka simu mezani. Hakujua kitu, angeapa. Alijitetea peke yake pale mezani: tunaandika wakati wa theluji, wanarekodi kiangazi, watu wanakitazama kipindi Oktoba, majani yakianguka, na kila mwaka hatakosekana mtazamaji wa kudai kaibiwa maisha yake. Imetokea tu. Lakini kiti? Nani huomba kiti nyumbani kwake? Mhariri alitaka kuikata sentensi hiyo, na Solange akaipigania kama mali yake. Sasa hakumbuki alivyoibuni. Alijaribu kukumbuka nyingine, zile zilizompa tuzo, akaona nazo hajui kama alizitunga au aliziokota. Aliogopa, na si kwa ajili ya kazi. Mireille ndiye ndugu pekee aliyebaki naye.

Akashusha madaftari yake kutoka juu ya kabati, akafunua moja moja. Sentensi ile ilikuwepo, kwenye daftari la kijani, imeandikwa kwa pupa chini ya tarehe ya Mwaka Mpya, na karatasi ina doa la mchuzi. Hapo ndipo jikoni kwa Mireille kulipomrudia. Pai ya nyama ilikuwa imekwisha, wengine wanacheza karata sebuleni, na Normand anafuta sahani, anaongea taratibu bila kumtazama.

Solange alimpigia mdogo wake mara nne kabla simu haijapokelewa. Angeweza kudanganya, na uongo wake ungekuwa mzuri, kwani ndiyo kazi yake.

"Aliniambia mimi," alisema. "Mwaka Mpya, tukiosha vyombo."

"Kwa hiyo ulijua."

"Sikujua. Hata mimi sielewi, Mireille. Maneno niliyasikia, yeye sikumsikia."

"Usiniandikie tamthilia." Mireille alipenga kamasi. "Normand hasemi. Miaka thelathini nimeishi naye, hajawahi kumwambia mtu jambo lake. Kakwambia wewe, labda alitaka unifikishie. Ulimjibu nini?"

Solange alilitazama lile doa la mchuzi.

"Solange. Nakuuliza, ulimjibu nini mume wangu?"

"Nilimwambia arudie polepole," alisema Solange. "Nilikuwa natafuta kalamu."