Koti la Mwalimu

Kosa langu la kwanza lilikuwa kuomba koti la marehemu kabla matanga hayajaanuliwa. Cheka ukitaka, lakini yalinipata mimi, hapa Songea, mchana kweupe.

Napiga roki. Gitaa la umeme nilijifunza mwenyewe kwa simu, chumbani kwangu Majengo, nikirudia kipande kimoja mpaka majirani wanagonga ukuta. Kikundi cha filamu kikaniona jukwaani, kikanipa nafasi ya mwalimu mzee anayepooza na kufa. Uigizaji sikuusomea, nikaogopa. Na mimi nikiogopa nataka kila kitu kiwe sahihi kupita kiasi.

Jirani yangu, Mama Ngonyani, alikuwa amefiwa na mumewe, mwalimu wa Namtumbo ambaye sikuwahi kumwona. Nikamwomba koti lake.

"Subiri tuanue matanga, mwanangu. Nguo bado zina mwenyewe."

"La siku moja tu, mama."

"We na haraka zako! Haya, chukua, nisije nikasemwa nimekunyima."

Ungekuwa wewe ungelirudisha? Mimi nililivaa.

Tulirekodi Mjimwema, kwenye darasa lililoachwa. Nilikohoa, nikaanguka, mara sita. Mwongozaji akasema imetosha, mimi nikakataa. Wenzangu wakaenda kula, nikabaki nafanya mazoezi peke yangu. Nilipoinuka sakafuni, mzee mmoja alikuwa amekaa dawati la nyuma. Nikadhani ni mlinzi.

"Shikamoo, babu."

"Marahaba. Mbona unakohoa? Mimi sikukohoa. Mkono wa kushoto ulijikunja, basi, haukufunguka. Hebu nione."

Nikaukunja.

"Kaza zaidi."

Nikakaza. Nilipotazama tena, dawati lilikuwa tupu, lina vumbi ambalo halijaguswa.

Wenzangu waliporudi tulirudia, mwongozaji akapiga makofi. Mkono haukufunguka. Niamini, niliuvuta kwa mkono wa kulia mpaka machozi. Hospitali hawakuona kitu. Mpiga gitaa bila mkono wa kubana nyuzi ni nani?

Nikalirudisha koti, nikamsimulia Mama Ngonyani. Akakaa chini.

"Nani kakwambia habari za mkono? Nilikuwa naye peke yangu chumbani."

Sikulala vizuri mpaka siku ya kuanua matanga. Ndugu walikaa ukumbini, nguo zikagawiwa moja moja. Koti likabaki la mwisho. Mama Ngonyani akalikung'uta, akaniwekea mabegani mbele ya wote.

"Sasa umepewa. Ulikuwa umechukua tu."

Vidole vikaanza kulegea palepale. Vyote, isipokuwa kidole kidogo cha mwisho.

Filamu ilisifiwa, na bado naitwa kuigiza. Nikiulizwa nilimjuaje yule mwalimu, nasema nilivaa koti lake. Wewe unayetaka kila kitu kiwe cha kweli, usimguse marehemu kabla wenyewe hawajamaliza naye.

Siku hizi napiga gitaa kwa vidole vitatu na gumba, na mwongozaji akisema imetosha, nasimama.