Aliyezikwa Hasalimiwi

Obedi ana kaburi. Si la baba yake wala la babu yake, ni lake mwenyewe, lenye msalaba wa saruji na jina lake limechorwa kwa msumari kabla saruji haijakauka. Liko kwao, kisiwa kidogo nyuma ya Ukerewe, ubavuni mwa nyumba ya mama yake. Na Obedi huyo huyo kila Jumamosi anawatembeza watu kwa miguu hapa Mwanza mjini akiwaonyesha mambo ya kale, na mimi Bernadeta natembea nyuma kabisa nisije nikaacha mtu. Wenyewe wananiita mfunga mkia. Msinicheke, kazi ni kazi.

Nawaambia mapema ili msihangaike kama nilivyohangaika mimi: Obedi ni mzima. Ugali anakula kunizidi. Ila zamani alikuwa kwenye mtumbwi wa dagaa, dhoruba ikaupindua. Wenzake waliokotwa maiti, yeye hakuonekana. Ziwa lilimtupa ng'ambo, akaokotwa hajitambui, akauguzwa na watu baki. Alipopata nguvu akaona haya kurudi kwao mikono mitupu, akaenda kwanza Geita kwenye machimbo. Wanaume jamani! Mama yako analia, wewe unatafuta dhahabu.

Huko kwao walisubiri mpaka wakachoka. Katika ukoo wao, mtu akipotelea majini huzikwa mgomba mahali pake. Wanakata shina lenye urefu wa mtu, wanalivisha shati lake, wanalifunga blanketi, wanalilia, wanalizika. Kisha wanamwaga jivu mlangoni, mstari asiouvuka aliyezikwa, na kuanzia hapo mtu huyo amekufa, hata kama anatembea.

Sasa kijana aliyetumwa mgomba wa Obedi alikuwa na haraka. Badala ya kukata shina, akaung'oa na tunguu lake lenye mizizi, na katika vilio hakuna aliyeangalia. Wakauzika hivyo hivyo. Nyinyi mnalima, mnajua kitakachotokea. Obedi aliporudi kisiwani alikuta mgomba umeota juu ya kaburi lake, pale kifuani, mrefu kumpita yeye, una majani mapana. Ndizi zake hakuna aliyezila. Zilikuwa zinaiva na kuoza juu kwa juu, na hata ndege walikuwa hawazigusi.

Alimwamkia mama yake, aliyekuwa anaanika mihogo uani. Kimya, machozi tu yanamtoka. Akamwamkia baba yake mdogo, mzee Yeremia. Naye kimya. Mzee akamgeukia mbuzi wake aliyefungwa pale akasema, "Mbuzi, mwambie huyo aliyekuja arudi alikotoka. Hapa tumeshalia." Maana sheria yao ni hiyo, aliyezikwa hasalimiwi. Ukiitikia salamu yake umelifungua kaburi, na kaburi lililofunguliwa halifungwi tupu, lazima lipate mtu.

Ndivyo Obedi alivyokuja mjini. Na kitu anachokitaka hapa duniani ni kimoja tu, mama yake amwitikie shikamoo. Hataki nyumba, hataki gari. Ndiyo maana matembezi yake yana utaratibu ambao zamani ulikuwa unaniudhi sana. Kabla ya kuanza anampitia kila mtu, anampa mkono, anamsalimia, na kundi haliondoki mpaka wote wameitikia. Jua linawaka, wageni wanatazama saa, yeye anasalimia. Nilikuwa namwambia, "Obedi, hii ni historia au ni harusi?" Anacheka, anaendelea.

Jumamosi moja tulikutana kama kawaida pale ufukweni, mbele ya lile jiwe la Bismarck lililosimama majini. Kundi lilikuwa dogo. Kulikuwa na Iqbal, mtu wa makamo kutoka Dar, ana kamera kubwa, babu yake aliwahi kuwa na duka la vitambaa hapa. Kulikuwa na walimu wawili wa kike kutoka Misungwi, wachangamfu, mmoja wao anaitwa Getruda. Na kando kidogo alisimama bibi mmoja mwembamba, kitenge kimepauka, viatu vya plastiki ameshika mkononi. Pembeni yake kikapu kimefunikwa kanga. Ziwa siku hiyo lilikuwa limetulia kupita kiasi, maji hata hayapigi kwenye mawe. Sikupenda.

Obedi akaanza salamu zake. Alipofika kwa yule bibi, mkono ukabaki hewani na uso ukampauka.

"Shikamoo, mama," akasema.

Kimya.

"Shikamoo, mama."

Bibi anamtazama tu, midomo imebana. Mimi hasira zangu ziko karibu, mnanijua. Nikasema, "Wewe mama, unaamkiwa! Mtu mzima gani asiyeitikia shikamoo?"

Akainamisha kichwa akasema taratibu, "Kikapu changu, mwambie huyu dada mimi nimekuja kutembezwa, sikuja kuongea."

Mbuzi kule kisiwani, kikapu hapa. Yesu na Maria! Nikajua aliyesimama mbele yangu ni mama yake Obedi.

Kwa mara ya kwanza kundi likaondoka bila wote kuitikia. Obedi alitangulia. Alieleza habari za jiwe, za Wajerumani na sanamu waliyoiweka, kama siku zote. Halafu akaongeza jambo ambalo sijawahi kulisikia.

"Na kivukoni pale alishuka mtu mmoja akitoka kisiwani, hana kitu. Alibeba mizigo ya watu mpaka mabega yakachubuka. Alikuwa anaogopa kulala, maana akifumba macho anahisi udongo."

Iqbal akashusha kamera. "Mtu gani huyo? Yumo kwenye historia?"

"Yumo," Obedi akamjibu, bila kumwangalia bibi.

Tukapanda kuelekea mzunguko wa barabara. Mimi ndiye wa mwisho siku zote, lakini bibi yule alikataa kunitangulia. Nikisimama anasimama. Nikamwambia, "Mama, pita." Akakiambia kikapu, "Mwambie tangulia." Basi nikatangulia, na shingo yangu haikupumzika tena. Harufu ya ndizi mbivu ilikuwa inatufuata. Na nilisikia hatua nyuma yangu, za viatu, hatua nzito za mwanaume. Nikageuka. Bibi peke yake, peku, viatu bado viko mkononi. Sasa miguu mitupu inalia kwenye lami? Zile hatua zilikuwa za nani sijui mpaka leo, na simuulizi mtu.

Getruda naye akanisogelea akaninong'oneza, "Dada, kuna mtu anatufuata?"

"Tembea, mwalimu," nikamwambia. Ningemwambia nini?

Pale mzungukoni kuna mti wa kale, na chini yake Obedi huwa anaeleza habari ambazo wazee wanazisimulia, kwamba Wajerumani waliwanyongea watu hapo. Siku zote mahali pale pana kelele, pikipiki, honi, wauza karanga. Siku hiyo, sijui ndivyo ilivyokuwa au ni masikio yangu, kelele zilikuwa zinasikika kama zinatoka mtaa wa pili.

"Walionyongwa hapa wana kifo, lakini makaburi yao hayajulikani," Obedi akasema. "Wapo wengine wana kaburi, lakini kifo hawana. Sijui nani ana nafuu."

Walimu wakacheka kidogo, kisha wakaona hakuna mwingine anayecheka. Bibi alikuwa amesimama mbali na kivuli cha Obedi. Kikisogea naye anasogea, asikikanyage.

Tukapita kwenye nyumba kuukuu za Wahindi zenye miaka imechongwa juu ya milango, Iqbal akaionyesha ya babu yake kwa kidole, hata furaha yake ikawa ya sauti ndogo. Mwisho tukafika Makoroboi, kwenye yale majabali karibu na hekalu, wanapokaa mafundi wa mabati. Mahali pale nyundo hazinyamazi. Tulipotokea na yule bibi, zilinyamaza. Fundi mmoja nyundo imemganda mkononi, anamkodolea macho.

Obedi akageuka akatuelekea sote.

"Mtu niliyewaambia alilala hapa, katikati ya haya mawe, amejifunika gunia. Mafundi hawa walimpa uji. Akaanza kuwaonyesha wageni njia, wageni wakamuuliza hili jengo la nani, lile la nani, naye akaenda kuuliza wazee ili asiwadanganye. Ndivyo alivyopata kazi. Mke hana. Nani aolewe na mtu mwenye kaburi? Lakini hakuwa mwizi, hakuwa mlevi, na kila asubuhi anatazama upande wa kisiwani anamwamkia mama yake. Basi. Matembezi yetu yanaishia hapa."

Getruda alikuwa analia waziwazi. Iqbal, aliyekuja kutafuta duka la babu yake, alikuwa anafuta miwani ambayo haikuwa chafu. Obedi akapiga hatua moja mbele.

"Shikamoo, mama."

Bibi akatua kikapu juu ya jiwe. Akafunua kanga. Ndani kulikuwa na kichana cha ndizi, za njano tupu, nene, hazina hata doa.

"Kikapu changu," akaanza, "mwambie..." Akakisukuma kwa mguu. "Aa! Nimechoka na kikapu."

Akamtazama mwanawe machoni.

"Marahaba, mwanangu. Marahaba, Obedi."

Upepo ulipita kati ya majabali, na wallahi nawaambia, mimi Mkristo lakini wallahi, ulikuwa wa baridi kama umetoka shimoni. Obedi hakufurahi. Alipiga magoti akamshika miguu akilia kama mtoto.

"Mama umefanya nini! Litakuchukua! Sema hukuitikia, sema!"

"Salamu ikishaitikiwa imeitikiwa," bibi akasema. "Inuka nikuone. Mbona umekonda hivi?"

"Mama!"

"Nisikilize. Nilikwenda hospitali, wakanipima, wakaniambia tumboni mna kitu na hakitibiki. Nilikuwa nakwenda tu, mwanangu. Nikakaa nikawaza, sasa nife bure, mlango wako ubaki umefungwa? Kaburi linataka mtu. Likinipata mimi litafungwa, na wewe utaingia kwenu." Akampangusa uso kwa ncha ya kitenge. "Nataka unizike wewe. Sitaki jembe la Yeremia."

Uchungu wa mwana aujuaye mzazi. Nilikaa chini kwenye jiwe.

Bibi akanyofoa ndizi moja, akaimenya, akampa. "Kula. Zimeota kifuani kwako, wa kuzila ni nani kama si wewe?" Obedi akala. Bibi naye akala. Akatukaribisha na sisi kwa roho safi kabisa. Getruda alichukua moja akaishika tu. Mimi nilisema nimeshiba. Nampenda Obedi, lakini si kiasi hicho.

Tukawasindikiza mpaka bandarini. Njia nzima bibi hakunyamaza, kama bomba lililozibuliwa. Nani ameoa, nani amegombana na nani, ng'ombe gani amezaa. Na kila aliyepishana naye alimsimamisha, "Huyu ni mwanangu, anaitwa Obedi." Watu wanaitikia, "Ahaa, hongera mama," hawajui wanapongeza nini. Alivaa viatu vyake alipofika kwenye daraja la meli, akapanda peke yake, maana kule kwao Obedi alikuwa bado amezikwa. Zile hatua nyingine sikuzisikia tena.

Mvua za kwanza zilipoanza, simu ya Obedi ikaita tukiwa kwenye mti na kundi jingine. Akasema, "Haloo," hakuna jibu. Mtu anasikika anahema tu, na nyuma yake wanawake wanalia. Obedi akasema, "Shikamoo, baba mdogo." Simu ikakatwa. Akaniambia, "Dada, maliza wewe matembezi." Nikamwambia, "Hakuna, leo wageni watanisamehe." Tukaondoka wote wawili, yeye mbele, mimi nyuma, kama kawaida yetu.

Kisiwani watu walijaa uani. Walipomwona wakatupisha, hakuna aliyetoa sauti, na wengine waliwaziba watoto macho. Mgomba ulikuwa bado umesimama pale kaburini, majani yanadondosha maji ya mvua. Mzee Yeremia amekaa kizingitini, mbuzi wake kafungwa karibu. Mbele ya nyumba walikuwa wamemwaga jivu, mstari mzima. Obedi akasimama nje ya mstari.

"Shikamoo, baba mdogo."

Mzee akamgeukia mbuzi. Akamtazama muda mrefu, mdomo wazi. Nilikuwa nasali moyoni, na hasira zinanipanda, nikiapa kwamba akimsemesha yule mbuzi nitamrukia mimi, liwalo na liwe.

Akamwacha mbuzi. Akamtazama Obedi.

"Marahaba, Obedi," akasema. "Ingia. Jembe liko pale."

Obedi akavua viatu, akavuka jivu, akaenda kulichukua.