Siku Nilipovuliwa Koti Tribinali

Chekeni tu, maana hata mimi siku hizi ninacheka, ingawa siku ile pale tribinali, yaani mahakamani, Bukavu, nilitamani ardhi ipasuke inimeze pamoja na viatu vyangu.

Ilikuwa wakati wa vita, nami nilikuwa mfanyakazi wa maktaba ya chuo kikuu, na mshahara ulikuwa kitu cha kusimuliana tu. Tribinali ilishaamuru tulipwe, wakubwa wa chuo wakakaa kimya kana kwamba hakimu alikuwa anapiga mluzi, basi tukawarudisha mbele yake kwa kosa la kuidharau amri, na wenzangu wakanichagua niwasemee. (Nina sauti kubwa, sifa nyingine sina.)

Sasa, nguo. Shati langu jeupe lilikuwa na kola, mikono na kifua, ila mgongo haukuwepo, kwa sababu mke wangu aliukata akamshonea binti yetu Neema blauzi ya shule, asije akafukuzwa darasani.

"Papa Neema, enda vile uko," mke wangu aliniambia. "Juge akuone." (Juge ndiye hakimu, kwa Kifaransa chetu.)

Mimi na majivuno yangu nikakataa, nikaenda kwa jirani yetu hapo Bagira, Papa Mugisho, aliyekuwa na kibanda cha kufua na kupiga pasi kule Muhumba kwa wenye nazo. (Msijifanye hamjui: koti la mteja likishanyooshwa, hupita harusini mara moja au mbili kabla ya kurudi kwa mwenyewe.) Akaniazima koti la kahawia lenye vifungo vya rangi ya dhahabu, na mimi sikuuliza ni la nani, na hapo ndipo nilipojimaliza.

Wenzangu walivyoniona nimependeza wakanisukuma mpaka mbele kabisa, nikasimama nimetuna, hadi nilipomwona mkuu wa fedha wa chuo, mmoja wa wale wale tuliowashitaki, amekuja na sweta iliyokunjamana, ananikodolea macho kifuani. Nikageuka upande, naye akageuka. Nikafunika vifungo kwa mikono kama mtu anayeumwa tumbo.

Wakili wake akainuka, akaanza na vita, barabara zimefungwa, benki hazifanyi kazi, kisha akaninyooshea kidole. "Bwana Prezida," akamwambia hakimu, "muangalie huyu papa. Mutu mwenye kuvaa koti ya namna hii anaweza kusema iko na njaa?"

Watu wote wakanitazama, nami nikaona kesi yetu inatuponyoka, na masomo ya Neema yanaondoka nayo. Kabla sijafungua mdomo, mkuu wa fedha akaruka.

"Koti gani yake? Ile ni koti yangu! Mugisho aliniambia bado haiyakauka! Toa, mwizi!"

Wakili akafumba macho. Hakimu akamwamuru yule bwana akae, akazidi kupayuka, mpaka akaambiwa kwamba akiongeza neno atalala ndani. Ndipo hakimu akanigeukia mimi. "Papa, mupe koti yake."

Nikavua. (Kumbukeni, ukumbi mzima ulikuwa nyuma yangu.) Kicheko kilichotoka pale nadhani walikisikia hadi ng'ambo ya ziwa, na hakimu akaniamuru nigeuke naye aone.

"Mugongo ya shati yako iko wapi?" hakimu akauliza.

Ile sauti yangu kubwa ilinikimbia. "Iko ku masomo, Bwana Prezida. Mutoto wangu ndiye anaivaa."

Kicheko kikakatika. Hakimu akamwuliza wakili kama bado ana la kusema juu ya makoti. Akaamuru karani wake amfuate mkuu wa fedha moja kwa moja hadi kwa kashie, mlipaji wa chuo, tulipwe mwezi mmoja siku hiyo hiyo na mingine ifuate, la sivyo ni gereza. Tukawafuata tukiimba, na mimi upepo unanipiga mgongoni.

Tulilipwa, jamani! Jioni nikamwapia mke wangu kwamba sitavaa tena nguo ambayo simjui mwenyewe, nikamwomba anunue kitambaa anishonee mgongo.

"Nitanunua ya blauzi ya pili ya Neema," akasema huku anacheka. "Weye ngojea. Ile miezi ingine bado hawayatulipa, na juge anajua mugongo yako."