Mgongo Wangu Kwenye Televisheni

Kabla ya filamu ile nilikuwa nimeigiza michezo ya kanisani tu na tangazo moja la chanjo redioni. Waandaaji waliponipigia simu nyumbani kwetu mtaa wa Kanamkemer, wakaniita kambi ya wakimbizi ya Kakuma kuigiza mama mkimbizi, nilikubali kabla hawajamaliza kueleza. Nilipofika ndipo nilipoambiwa ningebeba mtoto mchanga.

Mwaka uliotangulia nilikuwa nimemzika wangu. Tangu hapo sikuwa nimempakata mtoto yeyote. Sikumwambia mtu.

Mtoto wa filamu alikuwa wa mwanamke wa Sudan Kusini aliyeuza chai kambini. Kila nilipompokea, alilia. Tukarudia, akalia tena. Mama yake akanisogelea, akauliza polepole, "Wewe hujazaa?"

"Nilizaa," nikasema. "Alikufa."

Kisha akanivuta kivulini nyuma ya kibanda cha mabati, akaniwekea mtoto mikononi, akaketi chini kando yangu.

"Hawa watangoja," akasema. "Wewe nashika yeye kama mzigo, na yeye nasikia. Leta yeye karibu na shingo."

Nikamleta. Alinukia maziwa na moshi wa makaa. Nikalia, na yule mama hakunizuia. Alishika mguu wa mwanawe kwa mkono mmoja na goti langu kwa mwingine, mpaka mtoto akalala.

Tuliporudi, sehemu ile ilipigwa picha mara moja tu. Mwongozaji akanisifu kwa kuigiza vizuri. Nikamshukuru.

Filamu ilipoonyeshwa kwenye televisheni, majirani walijaa nyumbani kwa mama yangu hadi mlangoni. Maneno yangu yote yalikuwa yamekatwa. Alionekana mtoto amelala begani, na mgongo wangu ukielekea kwenye lori. Basi.

"Sasa wewe uko wapi?" jirani mmoja akauliza. Nilitamani kujificha jikoni.

"Ndiye huyo aliyebeba mtoto," mama akasema, macho yake yakiwa bado kwenye televisheni. "Mgongo huo nimeuogesha mimi. Naujua."

Hakuna aliyecheka. Mama akanisogezea kikombe chake cha chai, nami nikanywa.

Baada ya hapo niliitwa tena kuigiza: muuguzi, muuza mboga, shangazi wa bwana harusi. Mara moja nilipewa hata ugomvi mzima wa kusema. Nikienda Kakuma hupitia kwa yule mama wa chai. Mtoto sasa anatembea. Akiniona hukimbilia nyuma ya sketi ya mama yake, akanichungulia, na sisi wawili tunamwacha aje kwa wakati wake.