Vibuyu vya Nazario Cupul

Nazario Cupul, mtoto wa marehemu kaka yangu, alikuwa na kazi ya kuwaonyesha wageni nchi yetu kwa siku moja. Asubuhi aliwachukua kwenye hoteli za pwani, akawatembeza mji wenye kanisa la Wahispania lililojengwa kwa mawe ya mahekalu yetu, akawapitisha kwenye magofu ya wazee, na jua likishakuwa kali akawaleta kijijini kwetu waogelee kwenye tsonoti, lile shimo la maji baridi chini ya mwamba. Jioni aliwarudisha wakale samaki. Mambo yote yaliyotupata tangu dunia iumbwe yalienea kati ya chai yao ya asubuhi na chakula chao cha usiku.

Simlaumu kwa kutafuta riziki. Kijana wa kwetu asipopata kazi hiyo atakwenda kubeba zege la hoteli nyingine. Kilichoniuma ni kwamba habari zetu alikwenda kufundishwa huko huko pwani, kwenye semina, na mtu ambaye hajawahi kupanda hata punje ya mahindi. Baba yake alizijua zote, lakini wakati ule Nazario alikuwa hana muda wa kumsikiliza.

Mwaka ninaousimulia mvua ilikatika mahindi yakiwa yanatoa mbelewele. Hapo ndipo mahindi hayawezi kungoja. Majani yalianza kujikunja mchana, na baadaye yakawa hayakunjuki hata usiku. Don Apolonio Tuyub, mwombaji mvua wetu, akatangaza siku ya ombi. Nilipokuwa mdogo kijiji kilikuwa na waombaji kadhaa na walikuwa wakigombana nani aanze. Sasa yupo huyu mmoja, na haoni vizuri.

Kwa ombi hilo hayafai maji ya bomba wala ya kisima. Yanatakiwa maji ambayo mtu hajayagusa, na zaidi sana ambayo mwanamke hajayafikia. Sisi tunayapata kwenye pango dogo nyuma ya tsonoti, ambako dari la mawe hudondosha tone moja moja. Tunatega vibuyu chini ya matone na kuviacha vijae vyenyewe. Vikishategwa havitajwi mpaka siku ya ombi. Mlangoni pa pango hufungwa kamba yenye majani mabichi ya makuti, na kila mtoto wa kijiji akiiona hugeuka na kurudi alikotoka.

Kazi ya kuvilinda alipewa Nazario, kwa kuwa ufunguo wa geti la tsonoti alikuwa nao yeye. Nilisema kwenye mkutano kwamba wageni wazuiwe mpaka ombi lipite. Nikajibiwa kwamba wataogelea upande wa mbele tu, na kwamba mimi kila kitu nakipinga.

Siku moja kabla ya ombi nilikwenda mjini kununua ubani. Nikamkuta Nazario na watu wake mbele ya kanisa, nikamwomba anirudishe.

"Panda mbele, baba mdogo," akasema. "Ila usiwatishe wageni wangu."

"Nitawatisha kwa nini, na hata meno sina?"

"Kwa hadithi zako. Juzi ulimwambia yule Mzungu kwamba tulikuwa tunakula mapadri."

"Ndivyo alivyotaka kusikia. Mbona alinishukuru?"

Siku nyingine angecheka. Siku hiyo aliinama tu, akatazama mbingu kupitia kioo. Hapakuwa na wingu hata la kufunika kiganja. Njiani mashamba yalikuwa yamepauka pande zote mbili, na alikuwa akiyatazama mpaka nikahofia atatuingiza mtaroni.

Nyuma yangu alikaa mama mmoja mtu mzima, Bi Marlies, mwalimu mstaafu kutoka Uholanzi, uso umeiva kwa jua kama nyanya. Alikuwa mtu mwema, wa kuuliza uliza.

"Mvua isiponyesha mtafanya nini?" akamuuliza Nazario kwa Kihispania cha kujikongoja.

Nazario alibadili gia. "Tutasubiri, mama."

Nikamnong'oneza kwa lugha yetu, "Umekwenda kuviangalia?"

"Usivitaje, baba mdogo!"

"Sijavitaja. Nimeuliza kama umekwenda."

"Nimekwenda alfajiri. Vimejaa, bado kimoja tu." Halafu akajipiga paja kwa hasira kwamba nimemsemesha.

Walinishusha kwangu. Yaliyofuata sikuyaona. Nazario aliyasimulia mwenyewe mbele ya wanaume wote, na baadaye mimi na yeye peke yetu, zaidi ya mara moja, kama mtu anayerudi kukagua kama mlango ameufunga.

Aliwaketisha wageni kivulini kwanza miili ipoe, kama tulivyofundishwa, maana mwili wa moto ukiingia kwenye maji yale hupata madhara. Kisha wakashuka ngazi na kuanza kuogelea kwa kelele. Alipohesabu vichwa, kimoja hakikuwapo. Akaita. Akatazama chini ya maji. Akatazama ngazi. Ndipo alipoona ile kamba ya makuti inatikisika.

Bi Marlies alikuwa ameshikwa na kizunguzungu, akatafuta mahali penye baridi pasipo na watu. Aliyaona makuti mlangoni akadhani ni mapambo ya kukaribisha wageni, kama wanavyofanya hotelini. Nazario alimkuta ameketi juu ya jiwe, kibuyu mapajani, uso na nywele vimelowa. Kimoja alikuwa amekinywa, kingine amekinawia. Vilivyobaki alikuwa amevichotea kwa mkono na kujipoza shingo, kisha akavipanga vizuri mahali pake.

"Asante sana," akamwambia. "Maji matamu kweli. Mmefikiria kila kitu."

Hakumgombeza. Angemwambia nini? Alimshika mkono akamtoa nje, akamketisha na wenzake, akarudi pangoni peke yake. Ombi lilikuwa kesho, na matone yale, kwa ukame ule, yalikuwa yamechukua siku nyingi kujaza vibuyu. Akisema, wanaume watalifunga geti, kampuni inayomwajiri itampa gari mtu mwingine, na jina lake litakuwa la yule aliyeacha mahindi ya kijiji kizima yafe. Asiposema, Don Apolonio atawapa wenye mvua, wale tunaowaomba, masalia ya mtu aliyenawa.

Ndipo alipokumbuka chupa kubwa ya maji ya kunywa iliyokuwa ndani ya gari. Kifuniko chake kilikuwa bado kimefungwa kiwandani. Akajiambia: haya nayo hayajaguswa na mtu. Yametoka kwenye mashine yakaingia kwenye chupa, hakuna mwanamke aliyeyafikia. Alivisuuza vibuyu kwa maji hayo, akavijaza, akavirudisha chini ya matone, akafunga kamba upya. Nimewaza sana juu ya hesabu ile. Mgeni asingeiwaza kamwe, na baba yake Nazario pia asingeiwaza. Ilihitaji mtu aliyelishika sharti la wazee akaisahau sababu yake.

Alfajiri alivibeba mpaka shambani. Don Apolonio alimpokea kwa mikono miwili.

"Mwanangu, yalitulia?"

"Yalitulia, mzee."

Madhabahu ya miti ilikuwa tayari na matao yake ya majani. Kuku walikuwa wamechinjwa, mikate minene ya mahindi na mbegu za maboga ilikuwa ikiiva chini ya ardhi, na watoto wanne walikuwa wamechuchumaa miguuni pa madhabahu wakilia kama vyura wanaoita mvua, mmoja wao akicheka kila mara. Nazario alisimama na kibuyu mkononi na maji yakawa yanamwagikia vidole vya miguu.

"Mtazameni," akasema Silverio Noh, ambaye shamba lake la juu lilikuwa limekauka kuliko yote. "Amezoea kiyoyozi. Jua la shamba linamtetemesha kama kifaranga."

"Mwacheni," nikasema. "Nazario, una homa?"

Macho ya Nazario yalikuwa kwenye mikono ya Don Apolonio. Mzee alichukua kibuyu cha kwanza, akakiinua juu ya unga wa mahindi, akavuta pumzi aanze kuwaita wenye mvua kwa majina yao, upande mmoja wa dunia baada ya mwingine.

"Mzee, usimimine!"

Watoto wakanyamaza.

"Si yenyewe," akasema Nazario. "Yenyewe yameingiliwa. Haya ni ya dukani."

Mtu mmoja alicheka kisha akajizuia. Nazario akaeleza yote, haraka haraka, akimtazama kuku aliyechinjwa badala ya kututazama sisi. Alipomaliza, Silverio alimsogelea mpaka kofia zao zikagusana.

"Ulitaka kuwanywesha wenye mvua maji ya chupa?"

"Yalikuwa yamefungwa, kaka. Nilidhani..."

"Ulidhani! Na huyo mwanamke, hukuweza kumwambia asipite kule?"

"Havitajwi. Nyie wenyewe mliniambia havitajwi."

"Basi ungewaambia kuna nyoka! Ungewaambia kuna popo! Ungewaambia mama mkwe wako amelala humo!"

Don Apolonio alishusha kibuyu chini taratibu, mkono ukitafuta ardhi kwa sababu ya macho yake.

"Kijana alishika mwiko," akasema. "Sisi ndio tuliomwachia kundi la watu wasioujua, na tulikaa mkutanoni tukakubali. Toeni mikate. Leo ni chakula tu."

Tuliila pale pale chini ya matao. Sijawahi kula mikate ile nikiwa na mawazo namna hiyo. Kila tonge lilikuwa la ombi, na ombi halikuwapo. Baada ya hapo mzee alimwamuru Nazario avitege vibuyu upya na kukaa pale pale pangoni mpaka vijae, geti limefungwa kwa kila mtu.

Kesho yake gari la kampuni lilikuja na dereva mwingine na wageni wengine. Dereva alipiga honi mpaka mbwa wote wakaamka. Akapiga simu, simu ikaita ndani ya pango na haikupokelewa. Mke wa Nazario, Filiberta, alitoka akiwa amejitanda shuka, akaenda getini.

"Nazario! Bosi anasema ukifungua sasa hivi atasahau!"

Akaligonga geti kwa kiganja.

"Nazario, unanisikia? Nimjibu nini?"

"Mwambie tsonoti imefungwa," sauti ikatoka chini, nyembamba kama ya mtu aliyeko mbali. "Na usisogee karibu, mama watoto. Tafadhali."

Filiberta alisimama kidogo akiushika mlango wa chuma, halafu akarudi nyumbani kulia. Kampuni ikahamishia safari zake kijiji kingine, chenye tsonoti iliyowekewa baa na muziki.

Nilikuwa nikimpelekea chapati za mahindi na kuziacha juu ya ngazi. Aliniambia baadaye kwamba honi haikumsumbua. Kilichomsumbua ni ile nafasi kati ya tone na tone. Kila tone lilipoanguka aliona hilo ndilo la mwisho, mwamba umekauka, na alibana pumzi mpaka jingine lianguke. Nje, mbelewele zilikuwa zinakatika zenyewe bila kuguswa.

Vibuyu vilipojaa tukarudi shambani, safari hii wachache, na kuku wawili waliokonda. Wale watoto walikataa kuja, mmoja alikuwa na mpira. Kwa hiyo vyura tukawa sisi wazee. Nilichuchumaa chini ya madhabahu na magoti yangu mabovu nikalia kama chura, na Don Apolonio akaita majina yote bila kuruka hata moja. Nazario alisimama nyuma ya watu. Hakumwaga hata tone.

Mvua ilikuja alasiri moja baada ya siku chache, kwanza upepo wenye harufu ya vumbi, kisha yenyewe. Nazario alinijia mbio, amelowa.

"Baba mdogo, inatosha? Unafikiri inatosha?"

Nilitazama kuelekea bondeni, kisha juu. Sikutaka kumdanganya.

"Mahindi ya bondeni yatapona. Kule juu kwa Silverio imechelewa."

Aliingia ndani kwangu, akachukua panga langu bila kuomba, akapanda kwenda kwa Silverio katika mvua ile ile. Alisimama mlangoni akamwambia amekuja kumsaidia kukata mabua yaliyokufa, ili wapande maharage ardhi ikiwa bado imelowa. Silverio alimtazama kupitia ufa wa fito na hakufungua. Nazario akarudi tena kesho yake asubuhi, na Silverio akamtuma mkewe aseme hayupo, huku moshi wa sigara yake unaonekana. Safari iliyofuata Silverio alitoka mwenyewe, akamtazama mikono, akasema mikono gani hiyo, laini kama ya padri, akamwonyesha mstari wa kuanzia.