Dirisha Katika Jalada la Ngozi

Nakumbuka asubuhi ile ya mnada wa ng'ombe, mwanangu, nilipochukua wembe nikakata mshono ambao bibi mmoja alikaa siku nne kuushona. Nitakueleza ilivyokuwa, nawe usinicheke mapema. Ngoja mwisho, maana mwisho wake ni mtamu, na hata mimi nikifika hapo hucheka.

Nilikuwa msichana wa miaka ishirini na tatu, mzaliwa wa milimani kule Mbulu, mtoto wa wakulima wa mahindi na maharage. Mkoa wetu wa Manyara ulikuwa ndiyo kwanza umekatwa kutoka Arusha, na kila mtu alisema mambo mapya yanakuja. Mimi nilijiona ndiye jambo jipya lenyewe. Nilikuwa nimesoma kozi ya kompyuta miezi sita, nikaletwa Balangdalalu kwenye maktaba ndogo ya vyumba viwili, iliyojengwa na wananchi kwa nguvu zao. Nilishuka na kompyuta moja, betri, sola ya kuweka juu ya bati, na kifaa cha kushika mkononi kinachomulika mwanga mwekundu. Kichwa nacho nilikuwa nimekibeba juu kweli kweli.

Kabla yangu kazi yote ilikuwa ya Mzee Tluway na daftari lake kubwa. Mtu akiazima kitabu, mzee anaandika jina lake, jina la baba, kijiji, kitabu na tarehe. Akirudisha, mzee anafunua ukurasa kwa ukurasa mpaka alione jina. Siku za mnada foleni ilitoka nje hadi barabarani, na watoto waliotoka kwao alfajiri walirudi mikono mitupu kwa sababu jua lilikuwa limeshageuka. Kwa hiyo usidhani nimekuja kuisema mashine vibaya. Mashine ilikuwa neema.

Nilibandika kila kitabu kibandiko cha mistari myeusi kwenye jalada la nyuma. Kila msomaji nikampa kadi yenye mistari kama hiyo. Unamulika kadi, tii! Unamulika kitabu, tii! Kimeazimwa. Akikirudisha unakimulika tena, tii! Kimerudi, na jina lake limetakata. Watu walikuja kuusikiliza ule mlio tu. Kuna mzee aliazima kitabu cha ufugaji wa nyuki akakirudisha papo hapo, mara tatu, ili kilie tena, nami nilimwacha afurahi.

Lakini vifaa vile havikuwa vyetu. Tulipewa kwa majaribio ya msimu mmoja. Wageni wa mkoani wangekuja kwenye mnada wa mwisho wa msimu, na wangekuta vitabu vyote vimerudi, vifaa vingebaki. Wangekuta vitabu vimepotea, wangefungasha vifaa wavipeleke kwingine, na sisi turudi kwenye foleni ya barabarani. Nililala na wazo hilo na kuamka nalo.

Basi asubuhi ile akaja Paulina, binti wa kidato cha nne, wa familia ya wafugaji wa Kibarabaig. Boma lao lilikuwa mbali bondeni, upande wa kuelekea Basotu, na alikuja kwa miguu. Alirudisha kitabu cha baiolojia, akataka cha kemia, kwa kuwa mtihani ulikuwa unakaribia. Nikakipokea kitabu, nikashangaa. Kilikuwa kimevalishwa ngozi laini ya ndama, imeshonwa pande zote kwa uzi wa ngozi, inanukia siagi na moshi. Nikamulika. Kimya. Nikamulika tena. Kimya.

"Nani amekuambia ufunike kitabu cha watu kwa ngozi ya ng'ombe?" nikamuuliza, na watu wamejaa.

"Ni bibi ameshona, dada. Mvua ili..."

Sikumwacha amalize. Nilivuta wembe nikapasua. Haraka haraka haina baraka, mwanangu, nami niliijua methali hiyo tangu darasa la pili. Wembe ulipita kwenye ngozi, ukapita na kwenye kibandiko, ukakikata vipande viwili. Sasa mashine ikagoma kabisa. Kwenye kompyuta kitabu kilibaki kwa jina la Paulina, na sheria yetu ilikuwa kwamba mwenye kitabu haazimi kingine.

"Mashine imekataa," nikamwambia, kana kwamba mashine ndiyo iliyoshika wembe.

Paulina aliikunja ile ngozi taratibu, akaitia kwenye mfuko wake, akaondoka bila kemia. Ningeweza kutoa kibandiko kipya kwa dakika moja tu. Sikutoa, maana nilikuwa na hasira, na nakuambia haya leo huku nikiona aibu.

Mzee Tluway alikuwa ameketi pembeni, mahali nilipomwachia kazi ya kufuta vumbi. Akainuka, akakiangalia kitabu.

"Binti," akasema, "mashine imekuambia haioni. Ni kweli, haina macho. Ya kwako uliyaweka wapi?"

Nilinuna. Moyoni nikasema, mzee huyu ana wivu kwa sababu daftari lake limestaafu. Kumbe majuto ni mjukuu, na mjukuu huyo alikuwa njiani anakuja.

Mnada uliofuata hakuja mfugaji hata mmoja kurudisha kitabu. Wa pili vilevile. Habari za wembe zilikuwa zimefika kila boma, na watu walikuwa wakisema kule maktaba kuna msichana wa milimani anayewachukulia wafugaji kama wachafu. Nikafungua kompyuta nikahesabu: vitabu arobaini na viwili viko bondeni. Ulibaki mnada mmoja tu, ule wa wageni. Nikaweka kichwa mezani nikalia.

"Machozi hayarudishi kitabu," akasema Mzee Tluway. "Kesho tunakwenda."

Usiku huo nilitoa kibandiko kipya cha baiolojia, nikakimulika, jina la Paulina likatakata. Asubuhi tulitoka, mimi nimebeba kitabu cha kemia, yeye amebeba daftari lake kwapani. Karibu na boma akainama akang'oa majani mabichi, akanipa nishike mkononi. Kule mtu anayekwenda kuomba amani huonekana kwa majani, akaniambia, na akanionya nisiseme neno kuhusu mashine mpaka niulizwe.

Bibi yake Paulina alikuwa ameketi kivulini anakwangua ngozi ya ng'ombe. Nilipiga magoti.

"Shikamoo, bibi."

Alinitazama, akayatazama majani. Akaendelea kukwangua hadi magoti yangu yakaanza kuuma.

"Marahaba," akasema.

Kiswahili chake kilikuwa kidogo, kwa hiyo Paulina alitafsiri. Nikasema nimekosa. Nikasema niliharibu kazi ya mikono yake mbele za watu, na nimekuja kusema hivyo mbele ya watu wake. Bibi akasikiliza hadi mwisho, halafu akasema maneno ambayo nitazikwa nayo.

"Ng'ombe akinyeshewa ana ngozi yake. Kitabu kina nini? Mtoto amekiazima, mvua inanyesha, njia ni ndefu. Kitu cha watu unakirudisha kikiwa kizima. Ndiyo maana nikakivalisha."

Mwanangu, niliona haya mpaka masikio yakawa ya moto. Mimi nilidhani amekiharibu kitabu, kumbe katika wilaya nzima hakuna aliyekiheshimu kama yeye. Hakujua kusoma hata herufi moja.

Kisha akauliza, "Hicho kitu chako kinataka kuona wapi?"

Nikageuza kitabu cha kemia, nikamwonyesha mistari kwa kidole. Akaipima kwa ukucha wa dole gumba. Akamtuma Paulina alete ile ngozi niliyoipasua. Nilidhani anataka kunionyesha uharibifu wangu. Badala yake akashika kisu chake kidogo, akaupanua ule mpasuo wa wembe, pembe nne, akashona ukingo wake usichanike, na ukawa dirisha. Akakivalisha kitabu cha kemia. Mistari ikachungulia pale katikati, sawasawa.

Mzee Tluway akafunua daftari, akaandika jina la Paulina kwa kalamu yake. "Hili halihitaji jua," akaniambia, akacheka kwa mara ya kwanza tangu nifike Balangdalalu.

Siku ya wageni ikafika. Watu watatu kutoka mkoani wameketi na makaratasi yao, mimi nimesimama nakifuta kifaa tena na tena, maana sikujua kama kifaa kingesoma kupitia dirisha lile. Saa nne, mlango mtupu. Saa tano, mtupu. Ndipo nikamwona Paulina anaingia, na nyuma yake bibi yake, na nyuma ya bibi msururu wa watu wa bondeni, wazee kwa vijana, kila mtu na kitabu, na kila kitabu kimevaa ngozi yenye dirisha. Wanawake wa mabomani walikuwa wameshona kwa wiki nzima!

Paulina akaweka kemia mezani. Nikamulika.

Tii!

Sijapata kusikia wimbo mtamu kama huo. Nikamulika cha pili, tii! Cha tatu, tii! Watu wakaanza kuhesabu kwa sauti, wageni nao wakajikuta wanahesabu. Tulipofika arobaini na mbili, maktaba nzima ililipuka kwa vigelegele, na yule mzee wa nyuki akataka kuazima kitabu chake tena hapohapo. Mkubwa wa wageni alikipapasa kitabu kimoja, akauliza nani fundi. Bibi akainua mkono kama mtoto wa shule.

Vifaa vilibaki. Paulina alifaulu, akaendelea na masomo, na leo ndiye mkuu wa maktaba ile. Kompyuta zimebadilishwa mara tatu, lakini majalada yenye dirisha yapo hadi sasa, na daftari la Mzee Tluway lipo mezani kwa siku za mawingu.

Sasa wewe unaanza kazi, na mashine zenu ni za ajabu kuliko yangu. Zipende, zijue mpaka ndani. Ila ikikuambia "sioni," wewe tazama. Kitu usichokielewa mkononi mwa mtu, muulize kabla hujakigusa, na umwache amalize sentensi yake. Ukiona vyaelea, vimeundwa. Na ukikosa mbele za watu, nenda kwa miguu yako ukaombe radhi mbele za watu, maana huyo uliyemkosea huenda ndiye mwenye kisu cha kukukatia dirisha.

Nenda mwanangu. Mvua ikunyeshee kwa upole, njia yako iwe na majani mabichi, na kila ulichoazimwa duniani ukirudishe kikiwa kimevalishwa.