Barua Niliyoisoma Uani

Kwanza nilisikia mlio. Nilikuwa natoka shule, mvua imenilowesha mpaka madaftari, na kutoka chumba cha magunia cha nyumba yetu pale Ifakara ulikuja mlio mkavu wa harakaharaka, kama mahindi yanayopukuchuliwa juu ya sinia la bati. Ulikimbia, ukasita, ukagonga mara moja, kisha ukakimbia tena. Nilipochungulia dirishani nilimwona mwanamke ameketi juu ya gunia la mpunga, mashine ya kuchapa iko juu ya gunia la pili, na karatasi zimetandazwa kila mahali, mpaka juu ya majembe. Chumba kilinuka vumbi la mpunga na wino. Nikaamkia. Akaitikia bila kugeuka, akaniambia nikiingia niangalie ninapokanyaga, maana zile hazikuwa karatasi, walikuwa watu.

Huyo alikuwa Shangazi Leokadia, dada mdogo wa baba, aliyekuwa anasoma chuo kikuu Dar es Salaam na sasa amerudi kuandikia nyumbani. Ilikuwa masika, katikati ya miaka ya tisini, nami nilikuwa darasa la nne. Wazazi wangu walikwisha kuhamia shambani, Michenga, kama wanavyofanya watu wengi wa bonde letu: nyumba ya mjini huachiwa wazee na watoto wa shule, wengine wakaishi kwenye vibanda vya shamba mpaka mpunga uvunwe. Babu alikuwa amefariki mwaka uliotangulia. Kwa hiyo tulikuwa watatu tu, Bibi, Shangazi na mimi, na nyumba ilituzidi ukubwa.

Shangazi alikuwa anachunguza waandishi wa Uingereza wa zamani sana, wale wa mwanzo kabisa kuandika riwaya, na namna walivyojifunza kuonyesha yanayopita ndani ya kichwa cha mtu. Aliniambia kwamba zama zile madaktari walidhani huzuni inatokana na nyongo, na wasomi walibishana kama mtoto anazaliwa na mawazo au anayaokota njiani. Baadhi ya waandishi hao, alisema, walitunga kitabu kizima kwa barua, kwa sababu mtu akiwa peke yake na kalamu huteleza akasema kweli. Alinifundisha kutamka saikolojia, nikatamba nayo shuleni wiki nzima. Siku moja alimuuliza Bibi huzuni inakaa wapi mwilini. Bibi alifikiri sana, mkono umetulia kwenye ungo, kisha akasema inakaa magotini, ndiyo maana mjane anachelewa kuinuka. Shangazi akaenda mbio kuandika. Jirani yetu Mama Kulwa, Msukuma aliyehamia kwetu na mumewe na ng'ombe wao, alicheka mpaka akashika mbavu. "Wifi, hao Wazungu wako wamekufa zamani," alisema. "Bado unawafanyia matanga tu?"

Bibi hakujua kusoma, na barua nyumbani kwetu haikuwa siri ya mtu. Ilikuja kwa baiskeli kutoka shambani, imekunjwa mara nne, nje imeandikwa "Mama", kwa mwandiko wa yeyote aliyekuwa na kalamu siku hiyo. Mimi nilisimama uani na kuisoma kwa sauti tangu salamu hadi jina la mwisho. Aliyekuwepo alisikiliza, na Bibi hakuruhusu nikatishe hata chungu kikiungua. Niliipenda kazi hiyo kuliko mchezo wowote. Watu wazima walinyamaza kwa ajili yangu.

Alasiri moja Shangazi alikwenda posta. Niliingia chumba cha magunia kuchukua pishi, nikaona kando ya mashine karatasi iliyokunjwa mara nne. Nje imeandikwa "Mama". Nikajua ni barua ya shambani, mtu ameipokea na kuisahau. Nikatoka nayo nikikimbia. Bibi na Mama Kulwa walikuwa wanapepeta mchele. Nikasimama wima, nikakohoa kama msomaji wa redio, nikaanza.

"Mama yangu mpendwa, shikamoo. Baada ya salamu, nina neno ambalo limenishinda kulisema."

Nilisoma kwamba amepata nafasi ya kwenda kumalizia masomo Uingereza, miaka minne, na kwamba jibu lilitakiwa kabla ya mwezi kwisha. Nilisoma kwamba kila asubuhi akisikia Bibi anamwita kuhakikisha kama yupo, anaivunja safari moyoni, na kila jioni anaipanga upya. Sikuelewa ni nani anayesema. Nilijali tu kutokwama kwenye maneno marefu. Mama Kulwa ndiye aliyeacha kupepeta kwanza. Nilipoinua macho nilimwona Shangazi amesimama kwenye kona ya nyumba, viatu mkononi kwa sababu ya tope. Nikaishusha karatasi.

"Malizia," Bibi akasema.

"Mama, hiyo si ya kusomwa," Shangazi alisema. "Nilijiandikia tu."

"Imeandikwa jina langu. Malizia, mjukuu wangu."

Nikamalizia. "Nikibaki nitakuhudumia vizuri, na taratibu nitaanza kukuchukia. Sitaki kukuchukia, Mama." Chini hapakuwa na jina.

Mama Kulwa alikumbuka ndama wake, akaondoka bila kuaga. Bibi aliokota chuya moja, na nyingine, na nyingine, kwa muda ambao hadi leo siujui urefu wake. Kisha akamuuliza bintiye ni lini aliwahi kumfunga kamba. Shangazi akasema hajawahi. "Basi kajibu hao watu," Bibi akasema, "na mchele huu nimechoka, upepete wewe."

Sasa naandika riwaya. Nakaa mjini, kwenye chumba tulivu, na ujumbe wa ndugu zangu huingia kwenye simu, nikausoma kwa macho tu na kuufuta. Hakuna anayenisubiri nikohoe. Shangazi alibaki huko alikokwenda. Anafundisha, ameandika vitabu viwili, na Bibi alizikwa bila yeye. Nilipomuuliza kwa simu kama alinisamehe, alisema mimi ndiye niliyempeleka, na sikuweza kutambua kama ni shukrani. Nimesoma waandishi wake wote wa kale nikitafuta ukurasa unaofanana na ua lile, mahali ambapo moyo wa mtu unafunguliwa kwa sauti ya mtoto mbele ya wanaohusika, na nimeukosa. Wao walimweka mtu peke yake chumbani ili aseme kweli. Sisi tulikuwa watatu, na jirani.

Siku ya safari Bibi alikataa kumsindikiza stesheni. Alisema magoti yanamuuma. Alimshika kichwa bintiye, akamwekea ishara ya msalaba kwenye paji la uso, akamwambia asigeuke nyuma. Shangazi akatoka, nami nyuma yake nimebeba kapu la chakula cha njiani. Tulikuwa hatujafika kwenye ua wa michongoma nikasikia Bibi anajikokota, na mlango wetu, ambao mchana haukuwahi kufungwa hata siku ya msiba, ukafungwa.